Hodi ya Mbarouk

Hapo zamani, si zamani ile ya wanyama kusema, ni zamani ya redio zilizongojewa zipate moto ndipo zitoe sauti, aliondokea mtu katika mji wa Cardiff huko Uwelisi, jina lake Mbarouk. Baba yake alikuwa Mpemba, baharia wa meli za makaa. Yeye kazaliwa huko huko, Mwingereza wa cheti, lakini mji uliomzaa haukuwahi kumwambia karibu. Jambo hilo lilimuuma, asikudanganye mtu.

Wazazi walipofariki, alilelewa na dada yake Zamzam. Malezi yake yalikuwa neno moja: "Mdogo wangu, mlango wa mtu hauingiwi kimyakimya. Piga hodi!"

Mbarouk alipenda santuri kuliko chakula, akapata kazi ya kupiga muziki redioni. Siku ya kwanza akasimama mlangoni mwa studio, adabu ikampanda, akaita, "Hodi!" Masikini, kumbe fundi mitambo, Emrys, kasahau kufunga maikrofoni! Hodi ikaruka hewani, mji mzima ukaisikia.

Mkuu wa redio akaja mbio. "Nani amepayuka?"

"Kosa ni langu," akasema Emrys. "Mimi ndiye niliyeiacha wazi."

Emrys akaondolewa studio, akapelekwa kulinda mnara wa redio mlimani, yeye na kondoo. Lakini wasikilizaji wakapiga simu: yule wa hodi yuko wapi? Basi kila jioni, kabla ya santuri ya kwanza, Mbarouk akaita hodi. Loo, jioni zile! Watu walikuwa wakiosha vyombo polepole ili maji yasizibe wimbo, na wazee wakicheza dansi na soksi miguuni. Siku hizi nani anaosha vyombo polepole?

Mara mojamoja aliitwa kuigiza jukwaani. Wampe nini? Baharia, bawabu, daktari wa sentensi moja. Siku moja alikuwa bawabu wa kugonga mlango na kuingia. Mazoea yana taabu: akaita hodi! Mwigizaji mkuu, Bi Dilys, hakujua hodi hujibiwaje, lakini alijua mtu akiita huitikiwa. Akasema kwa Kiingereza, "Ingia, nilikuwa nakungoja." Watu wakashangilia wakidhani ndivyo ilivyoandikwa. Na redio ilipomfukuza Mbarouk kwa kuwa vijana wanataka muziki mpya, Dilys, aliyekuwa akiigiza redioni pia, akawaambia, "Asiporudi, mchezo wenu wa redio sichezi." Wakamrudisha, ila yeye Dilys hawakumwita tena.

Uzee ukafika, na kipindi cha mwisho nacho. Mkuu mpya akasema, "Leo tutaruhusu mtu mmoja aitike hodi yako hewani. Mmoja tu, maikrofoni ya mgeni ni moja."

Mbarouk akalia. Miaka yote aliita hodi redioni, na masikio yake hayakupata karibu hata siku moja. Leo ataambiwa karibu, na mji wote usikie. Lakini na nani? Watatu walikuja studio, kila mmoja akiidai nafasi hiyo.

Zamzam akasema, "Mimi nimekuitika kila jioni, jikoni, mwiko mkononi. Hukunisikia, lakini sikuacha, hata mwaka ule niliokununia."

Emrys akasema, "Ningeifunga maikrofoni, hodi yako ingeishia mlangoni." Kusahau nako kumekuwa sifa! Lakini akaongeza, "Na kule mnarani, kila hodi yako nimeitunza mimi mpaka imewafikia watu. Wewe ulipata jina, mimi nikapata baridi."

Dilys akasema, "Hawa walikusikia kwa mbali. Mimi nilikuitika mbele ya watu, kwa lugha niliyokuwa nayo. Sasa nimejifunza neno lenyewe. Niache nilimalize."

Mbarouk akamtazama huyu, akamtazama yule. Kumchagua mmoja ni kuwafungia mlango wawili. Taa nyekundu ikawaka.

"Hodi," akaita. Wote wakangoja kidole chake kimwelekee mmoja wao.

"Hodi." Kimya.

Nanyi mnajua, hodi ni tatu. Asiyeitikiwa ya tatu hugeuza njia akaenda zake. Mbarouk akavuta pumzi, akainua kidole.

"Hodi!"

Haya, semeni upesi, mwenzenu yuko mlangoni. Je, nani alistahili kumwambia karibu?