Rufaa ya Bibi Nyamizi

Mwekezaji Lugembe alishinda kesi ya kulitwaa shamba la bibi Nyamizi ajenge kiwanda. Nyamizi akakata rufaa. Wakili wa Lugembe, msomi wa kuwinda nukta zilizokosekana, akasimama: "Waheshimiwa, hukumu anayoikatia rufaa haina saini ya jaji. Hukumu isiyo na saini ni batili!" Majaji wakaafiki, rufaa ikatupwa.

Kesho yake Lugembe akaja shambani na tingatinga, hukumu mkononi. "Hama, bibi."

Nyamizi akaisoma taratibu. "Si ndiyo hii hii isiyo na saini? Wakili wako kasema ni batili, bwana mkubwa, na majaji watatu wakamuunga mkono."

"Basi nitampelekea jaji aisaini!"

"Mpelekee. Yuko makaburini tangu Machi. Kwani ulidhani nilikata rufaa ili nishinde?"