Amri ya Sultani Aliye Utotoni

Hapo zamani, katika mji wa Kivumoni, alitawala Sultani mmoja jina lake Dahmani, aliyependa jina lake kuliko chakula. Akawakusanya wajuzi wamweleze asili yake. Wa kwanza akasema kwamba kwa lugha ya Waajemi maana yake ni mwezi. Wa pili akaapa kwamba kwa Kihindi ni simba. Wa tatu, aliyechelewa kufika, akasema Wayunani hulitumia kwa simba aliyeketi juu ya mwezi. Hakuna hata mmoja wao aliyewahi kukanyaga nchi hizo, lakini wote watatu walitoka na majoho mapya.

Basi Sultani akalewa sifa, akapiga mbiu: kila mtoto wa kiume atakayezaliwa ataitwa Dahmani. "Na kila mwenye jina hilo ni mimi mwenyewe. Atakayemvunjia heshima amenivunjia mimi, na atakayekataa amri yake amekataa yangu, na shingo yake ni halali ya upanga!"

Katika mji ule alikuwapo mwezekaji wa mapaa aitwaye Machano, fukara ambaye paa lake mwenyewe lilivuja kuliko yote. Mkewe Mize alikuwa mjamzito, na Machano alikuwa amemwahidi baba yake, mzee akiwa katika kukata roho, kwamba mjukuu atalibeba jina lake. Mbiu ile ikamchoma moyo. Watu wake walikuwa na desturi kwamba mtoto akipewa jina la babu, wazazi humwita "baba" na kumwamkia kwa heshima. Hapo huhesabiwa kwamba mzee amerudi nyumbani. Sasa mzee wake arudi wapi?

Ikawa Mize akajifungua mtoto wa kiume. Askari wakaja, wakauliza jina.

"Dahmani," akajibu Machano, akamwinamia mtoto mpaka paji la uso likagusa mkeka. Askari wakaenda zao wakimwona mjinga mwenye adabu.

Siku ya tatu ikatoka amri ya shokoa, ile kazi ya kulazimishwa isiyo na ujira: kila mwanamume akabebe mawe ya mnara mpya wa Sultani. Machano hakwenda. Askari wakarudi na viboko.

"Wewe! Hukusikia amri?"

"Nimesikia, mabwana zangu, ila Sultani amenikataza nisitoke."

"Sultani yupi?"

Machano akaonyesha kitandani, kisha akanyanyua mguu kama anayetoka. Mtoto, aliyekuwa na njaa, akapiga ukelele.

"Mwasikia ghadhabu yake? Mwenye kuthubutu na anitoe."

Askari wakatazamana, kila mmoja akaishika shingo yake, wakarudi kinyumenyume.

Habari ikaenea. Kesho yake akina baba ishirini walikuwa wamezuiwa na masultani wao, na kabla ya juma kwisha hata wasio na watoto waliazima kwa majirani. Mnara ukasimama ulivyo, na Machano akaitwa ikulu.

Akafika amempakata mwanawe. Alijua mzaha huu ungeweza kumwacha Mize mjane. Hata hivyo akapanda moja kwa moja, akamlaza mtoto juu ya kiti cha enzi, ubavuni mwa Sultani.

"Mwondoe huyu!" akanguruma Sultani.

"Bwana wangu mtukufu, mimi ni nani hata nikamwondoe Dahmani kitini pake?"

Wakati huohuo mtoto akakojoa, na mto wa zari ukalowa. Sultani akainua mkono kutoa hukumu, akasita, akamgeukia kadhi.

Kadhi akakohoa. "Kwa amri yako, ee Maulana, aliyekojoa ni wewe."

Baraza zima likainamisha nyuso. Sultani akajizuia asicheke, akashindwa, akacheka mpaka kilemba kikamlegea. "Amri nimeifuta!" akasema akijifuta machozi. "Haya, mwite mwanao utakavyo. Ulitaka kumwita nani?"

"Jina la marehemu baba yangu, bwana wangu. Shokoa."

Kicheko kikakatika. "Jina gani hilo? Mzazi gani humwita mwanawe hivyo?"

"Sisi hatuna wajuzi, bwana wangu. Mtoto hupewa jina la siku yake. Aliyezaliwa mvua zikinyesha ni Masika. Baba yangu alizaliwa baba yake akiwa shokoani, akibeba mawe ya ukumbi huu kwa amri ya babu yako. Nyanya yangu alijifungua peke yake, akakata kitovu kwa mkono wake. Mumewe aliporudi, mtoto alikuwa na siku tisa na jina lake."

Sultani akazitazama kuta kwa muda mrefu. Aliona aibu, na aibu hiyo hakuweza kuificha. Mwishowe akavua joho lake, akamfunika mtoto, akawaamuru askari wasimtoe tena mtu nyumbani kwake kwenda shokoani.

Joho lile Mize alilikata akafanya mbeleko, na mnara haujamalizwa hata leo. Mbuzi hulala humo. Machano akawa kila alfajiri akimwamkia mwanawe, "Shikamoo, baba," na mtoto akimjibu kwa kilio. Nami nilivyosimuliwa ndivyo nilivyosimulia: majina mengi yalitolewa Kivumoni baada ya hapo, mazuri na ya ovyo, lakini hakuzaliwa tena mtoto wa kuitwa Shokoa.