Ngoma ya Kibwana na Moto wa Saluni

"Ukiazima moto, azima na adabu yake." Mmemsikia shangazi yenu akiisema asubuhi, na sasa mnataka kujua ilikotoka. Basi tulieni. Methali hii ilianza hivi.

Mwanaidi wa Tanga alikuwa na saluni uani kwake, na kaka aliyemchosha tangu utotoni. Kaka huyo, Kibwana, alikuwa mpiga ngoma, na kila aliloambiwa alijibu, "Najua."

Siku binti wa Mwanaidi alipopelekwa kwa mumewe, mvua ilinyesha tangu alfajiri. Ngozi ya ngoma ikalegea, ikawa inalia kama gunia. Kwa desturi, huwashwa nyasi kavu, ngoma ikawekwa kando ya moto mpaka ngozi ikaze. Lakini nyasi zote zilikuwa zimelowa, na ngoma ilikuwa hiyo moja tu, iliyowambwa na marehemu baba yao. Mwanaidi akaleta mashine yake ya kukaushia nywele.

"Ishike mbali na ngozi, usiitulize mahali pamoja," alisema. "Kila mara gonga, usikilize."

"Najua."

"Hujui, kaka. Hata kichwa cha mteja nakipulizia kwa mbali."

"Nimekausha ngoma kwenye moto mkubwa miaka yote hii, leo nitishwe na upepo?"

Mwanaidi alitamani kumnyang'anya, ila aliitwa ndani kumvisha bintiye.

Kilichomuudhi zaidi baadaye ni kwamba mbele ya moto wa nyasi Kibwana alikuwa na adabu zote. Siku zote aliiweka ngoma mbali, akaigeuza, akaigonga, akasikiliza. Moto ule aliuona, akauheshimu. Huu usio na ndimi aliudharau. Siku hiyo aliusogeza mdomo wa mashine hadi kwenye ngozi, akautuliza hapo, akageuka kupiga soga na mpiga zumari.

Ngozi ikapasuka katikati. Bibi harusi akasindikizwa kwa zumari na makofi, na mama yake akalia njia nzima. Watu walidhani anamlilia binti.

Kibwana aliwamba ngozi mpya. Mvua iliporudi, akaja kusimama mlangoni pa saluni. Mwanaidi akaificha mashine mgongoni.

"Unajua?" alimuuliza.

Kibwana alitazama chini. "Sijui. Nifundishe."

Akamfundisha, akamtaka arudie yote, ndipo akampa.

"Chukua, kaka. Lakini ukiazima moto, azima na adabu yake."