Barua ya Kazi Nyepesi

Walimu wa sekondari walipopandishiwa mishahara, wa shule ya msingi wakarukwa. Wenzake wakamtuma Mwalimu Somoe, aliyefundisha darasa la kwanza, kwa Bwana Mkandawile, mwidhinishaji wa nyongeza wilayani.

"Nyie mnafundisha a, e, i, o, u," Mkandawile akamwambia. "Kazi hiyo hata makarani wangu wanaiweza."

"Na wewe mwenyewe, mzee?"

"Mimi? Bila hata kujiandaa."

Somoe akainamisha kichwa. "Basi tuandikie hivyo hivyo, nikawaonyeshe wenzangu wasije kukusumbua."

Mkandawile akaandika kwa furaha, akagonga muhuri.

Jumatatu asubuhi alikuta watoto mia mbili wa darasa la kwanza wamepangwa mistari nje ya ofisi yake, wawili wameshajikojolea. Somoe akamkabidhi boksi la chaki na fomu za likizo za walimu wao wote.

"Penye 'atakayekaimu' tumejaza ofisi yako, mzee. Barua yako tumeiambatisha."

Saa nne Mkandawile alikuwa bado anauliza nani kamng'ata nani. Saa tano akatoa barua ya nyongeza.

Somoe akaisoma yote, kisha akamrudishia.

"Jina la shule huanza kwa herufi kubwa, mzee. Rekebisha, nakusubiri."