Jiwe la Mwisho la Shirobetsu

Tegeni masikio, wakubwa kwa wadogo, maana nikimaliza nitawadai neno.

Kaskazini kabisa mwa Japani, katika mji mdogo wa Shirobetsu, waliishi wanawake wanne waliocheza mchezo wa jiwe. Jiwe zito la mviringo husukumwa juu ya barafu, likateleza hadi kwenye duara lililochorwa upande wa pili. Wachezaji wawili hulitangulia mbio wakiisugua barafu kwa fagio, ili jiwe lifike mbali zaidi. Lililo karibu zaidi na kitovu cha duara ndilo lishindalo.

Chihaya, nahodha wao, alijaliwa jicho. Alikuwa akifanya kazi katika kiwanda cha maziwa, na jioni akichutama juu ya barafu akiipapasa, mpaka akajua jiwe litapinda wapi na litakwama wapi.

Mizuho alijaliwa mkono. Alipoliachia jiwe, lilienda kama lililotumwa.

Ayame na Tsugumi, dada wawili wa ukoo wa Kitamura, walijaliwa nguvu na pumzi. Walikuwa wakulima wa vitunguu, na waliposugua barafu, fagio zao mbili zilitoa sauti moja.

Walikuwa wamefika fainali ya taifa mara mbili, na mara mbili wakashindwa. Mara ya pili ni Mizuho aliyekosa shabaha kwa jiwe la mwisho. Watu wa mji waliwapokea stesheni kwa supu ya moto, wala hakuna aliyemlaumu, na hilo ndilo lililomuumiza zaidi. Alitaka kuacha mchezo. Chihaya alimfuata nyumbani, akamwambia kwamba nafasi yake haitapewa mtu. Goti la Chihaya mwenyewe lilikuwa limechoka, na huo ulikuwa msimu wake wa mwisho.

Wakafika fainali ya tatu. Mshindi angekwenda Olimpiki. Likabaki jiwe moja, na wa kulisukuma ni Mizuho tena. Jiwe la wapinzani lilikuwa limekaa kwenye kitovu, likikingwa na mengine mawili. Ukumbi mzima haukuona njia.

Chihaya, akiwa upande wa duara, alichutama kwa maumivu, akaigusa barafu, kisha akasimamisha ufagio wake pembeni kabisa, mahali ambapo hakuna ambaye angethubutu kulenga.

"Usilitazame jiwe lao," alimwambia Mizuho. "Nitazame mimi."

Mizuho alimkazia macho. Aliliachia jiwe polepole, likaelekea kwenye ufagio wa nahodha bila kukengeuka hata unywele.

Lakini barafu ilikuwa imeanza kuota umande ulioganda, na katikati ya safari jiwe likaanza kufa mwendo. Ayame na Tsugumi wakaliinamia. Bega la Tsugumi lilikuwa limeteguka tangu nusu fainali, na aliyejua ni dada yake tu. Alisugua akilia, asipunguze kasi, hadi Chihaya alipopaza sauti waache. Wakainua fagio. Jiwe likapinda, likayazunguka yale mawili, likaligusa la wapinzani na kulisogeza taratibu, kisha likatulia kwenye kitovu.

 Watu ukumbini wakalia kwa furaha.

Waliporudi, mji uliamua kuupa ukumbi wao wa barafu jina la aliyeleta ushindi. Jina moja tu. Chihaya alisema liwe la Mizuho, kwa kuwa jicho halisukumi jiwe. Mizuho alisema liwe la Kitamura, kwa kuwa jiwe lake lilikuwa linakufa njiani. Tsugumi, mkono ukiwa umefungwa shingoni, alizungumza kwa niaba ya dada yake.

"Sisi tulisugua njia," alisema, "lakini njia yenyewe aliiona nani?"

Meya aliwasikiliza wote, akashindwa kukata shauri. Mpaka leo kibao cha mlangoni hakina neno.

Basi, wewe uliyenisikiliza, ungeamua vipi? Ungeandika jina la nani?