Mshikaji Aliyewekwa Benchi Siku ya Fainali

Nimetumiwa hii leo asubuhi, na kuila peke yangu nimeona ni uchoyo. Isome yote, hata kama mpira wa Wamarekani huujui, ule wa umbo la yai, wanaouchezea mikononi huku wakigongana kama mafahali.

Kijana mmoja wa Kitaita, Mwakio, alikwenda kusoma chuo kimoja huko Marekani. Timu ya chuo iliitwa Nyati, na mwaka uliotangulia ilikuwa imefungwa mechi zote. Zote! Hata wapishi wa chuo walikuwa wanaicheka.

Kocha wao, Grady, akamwona Mwakio akipiga kandanda uwanjani na wenzake. Akamwambia, "Wewe mguu huo unauchezea tu. Njoo kwangu."

Kazi aliyopewa ilikuwa moja. Mwenzake mmoja anadaka mpira uliorushwa, anapiga goti, anausimamisha chini kwa vidole, na Mwakio anaupiga upite katikati ya nguzo mbili ndefu. Ukipita, ni pointi tatu. Aliyemshikia aliitwa Desmond, kijana mkimya, asiyejulikana hata na nusu ya wanafunzi.

Basi msimu ukawaka moto! Mechi ya kwanza, Nyati wakashinda. Ya pili, wakashinda. Ya tatu, dakika ya mwisho kabisa, Mwakio akapiga kutoka mbali, ukapita, mashabiki wakamwagika uwanjani. Wakamtungia wimbo. Akawa anabebwa juu juu kila Jumamosi.

Lakini wahenga walisema, mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Kwenye nusu fainali mpira ukamponyoka Desmond kidogo, Mwakio akapiga nje. Nyati walishinda hata hivyo, ila Mwakio hakunyamaza. Mbele ya wachezaji na mashabiki akafoka, "Kazi yako ni kushika tu, nayo inakushinda?"

Desmond akainamisha kichwa.

Sasa, kwenye timu ile mpigaji ndiye anayejichagulia mshikaji, na kocha haingilii. Mwakio akamweka Desmond benchi, akamchagua Trevon, nyota wa kudaka mipira.

"Una hakika?" Kocha Grady akauliza.

"Kocha, kushika mpira nani asiyeweza?"

Siku ya fainali uwanja ulitetemeka kwa kelele. Chuo kile hakikuwa kimegusa kombe kwa miaka arobaini, na wazee waliowahi kusoma hapo walikuja na wajukuu zao. Mwakio akapiga mpira wa kwanza. Ukapinda kulia, nje! Akapiga wa pili. Nje tena!

"Trevon! Mbona mshono wa mpira unauelekeza mguuni kwangu? Ndiyo maana unapinda! Ugeuzie mbele!"

"Nageuza saa ngapi?" Trevon akajibu akihema. "Ukifika mikononi, wewe umeshafika! Desmond alikuwa anafanyaje?"

Msimu mzima mshono ulikuwa ukielekea mbele, na Mwakio hakuwahi kujiuliza nani anaugeuza.

Zikabaki sekunde nne. Nyati wako nyuma kwa pointi mbili. Mpigo mmoja tu, kombe au kilio. Mwakio akakimbia hadi benchi, na kiburi chote kimemwisha.

"Desmond, ndugu yangu, nimekukosea mbele za watu. Nakuomba mbele za watu. Njoo unishikie."

Desmond akasimama, akavaa kofia yake ngumu. "Piga kwa nguvu zako zote," akasema. "Usiniangalie mimi. Angalia mpira."

Mpira ukarushwa. Desmond akaudaka, akauzungusha, akausimamisha, yote kufumba na kufumbua. Mwakio akaupiga. Ukapaa, ukapaa, ukapita katikati ya nguzo! Nyati mabingwa! Watu wakalia, wakakumbatiana na wasiowajua, wakambeba Mwakio mabegani.

Kutoka kule juu akamtafuta Desmond kwa macho. Akamwona ameketi kwenye nyasi, daktari wa timu anamvua glovu. Vidole viwili vilikuwa vimevimba, vyeusi, vimefungwa pamoja kwa bandeji.

Mwakio akaruka chini, akakimbia. "Umeumia sasa hivi?"

"Sasa hivi?" daktari akasema. "Vimevunjika tangu mechi ya tano. Nimemsihi apumzike, hataki."

"Nani alimvunja?"

Daktari akatazama kiatu cha Mwakio.

"Mguu wako ulishuka kidogo, bwana," Desmond akasema. "Mpira ukapita, tukashinda, wewe ukabebwa. Hukuona."

"Mechi zote hizo! Kwa nini hukuniambia?"

"Ningekuambia, ungepiga ukivihofia vidole vyangu. Na mpigaji mwenye hofu hafiki popote."

Mashabiki walikuwa wanaimba jina la Mwakio kwa sauti kubwa. Yeye akaketi palepale kwenye nyasi, akaushika ule mkono uliofungwa bandeji, akalia mbele ya uwanja mzima, wala hakuona haya.

Funzo: Kabla hujamlaumu anayekushikia, muulize anavumilia maumivu gani ili wewe ushangiliwe.