Mwanzi Uliomshinda Mkuu wa Kijiji

Mkosa mshindani hushindwa na mwanzi mtupu.

Kwa madai ya jirani aitwaye Mzee Kasan, mganga mmoja alishuka kutoka mlimani akatia jini ndani ya pingili ya mwanzi, na jini lile likazimeza kura zote za kijiji. Mzee Kasan huapa kwamba aliusikia mwanzi ule ukicheua.

"Kasan siku hiyo alikula wali wa sherehe akavimbiwa," alisema Bibi Sutirah. "Aliyecheua ni yeye mwenyewe."

Vijana waliojazana jikoni kwake wakaangua kicheko. Bibi alikuwa akichemsha tembo tamu la mnazi ligeuke sukari, kazi aliyoifanya tangu usichana wake katika kijiji kile cha kisiwa cha Java. Mjukuu wake Jumadi alikuwa amekuja na majigambo: amekuwa mwenyekiti wa vijana, tena amepita bila kupingwa, maana wenzake wawili aliwaomba kwa upole wajitoe. Bibi hakumpa hata hongera. Alimtupia ile methali, basi, akaendelea kukoroga.

Lastri, dada yake Jumadi, msichana asemaye machache na kuona mengi, ndiye aliyeuliza.

"Kama si jini, Bibi, ilikuwaje?"

Bibi alipunguza kuni. Lastri akauona uso wake ukilegea, kama wa mtu anayesikia harufu ya nguo iliyokaa sandukuni miaka mingi.

"Methali hii ilianza hivi," akasema.

Nchi yao ya Indonesia ilikuwa mikononi mwa mtu mmoja kwa zaidi ya miaka thelathini. Uchaguzi ulikuwepo, lakini mshindi alijulikana kabla wali wa wasimamizi haujaiva. Vijijini nako ilikuwa vilevile. Hapo kwao mkuu wa kijiji alikuwa Wiryono, mume wa Sutirah, babu yao Jumadi na Lastri.

Wiryono hakuwa mtu mbaya. Kabla ya ukubwa alikuwa mgema. Alfajiri alipanda mnazi na kotama, kisu cha kugemea, kiunoni, akiimba, na wanawake waliokuwa wakiteka maji huko chini walimkatiza kwa matusi ya utani mpaka akasahau wimbo. Sutirah alimpendea hapo, juu ya mnazi, akitukanwa na kucheka. Alipopewa ukuu, utani ukakoma. Alichosema, watu waliitikia ndiyo. Akisema mvua itanyesha, ndiyo. Akisema haitanyesha, ndiyo. Naye taratibu akaamini kwamba anapendwa.

Kisha siku moja redio ikasema yule mtawala wa nchi ameng'atuka. Wanafunzi walikuwa wamejaa barabarani huko mjini, na wengine walikufa. Haukupita muda mrefu ikatangazwa kwamba vijiji vitachagua wakuu wao upya, na safari hii bila woga.

Uchaguzi wa hapo ulikuwa na desturi yake. Kila mgombea aliwekewa pingili ya mwanzi yenye alama: ya huyu shuke la mpunga, ya yule gunzi la mahindi. Mpiga kura alipewa chelewa moja, njiti ya ukuti kama zile za ufagio, akaingia nyuma ya mkeka uliotundikwa na kuitumbukiza katika mwanzi autakao. Wagombea wenyewe walikaa vitini mbele ya watu kutwa nzima, wamevaa kama mabwana harusi. Mgombea akiwa peke yake, kando yake kiliwekwa kiti kitupu, na nyuma ya mkeka uliwekwa mwanzi wa pili usio na alama. Asiyemtaka aliitumbukiza chelewa yake humo. Miaka yote mwanzi ule ulitoka mtupu kama ulivyoingia, kwa sababu nyuma ya mkeka palikuwa na askari wa kijiji akichungulia. Mara hii wasimamizi walisema hakuna kuchungulia.

Wiryono alifurahi kweli. Alimwambia mkewe, "Mama Marni, maisha yangu yote nimewekwa. Mara moja tu nataka nichaguliwe."

Lakini aliposikia kwamba Tukiran, mfyatua matofali, atasimama kushindana naye, hakupata usingizi. Asubuhi alifunga sukari katika majani ya mgomba akaenda kumtembelea. Hakutaja uchaguzi. Alikunywa chai, akawasifu watoto, akaacha sukari, akaaga. Kwa watu wa Java mkubwa hasemi "jitoe." Huja tu kukutembelea, na mwenye adabu huelewa. Kesho yake Tukiran akajitoa.

Siku moja kabla ya uchaguzi, Sutirah alimkuta mumewe akinyoosha koti lake.

"Baba Marni, nenda kamwambie Tukiran asimame."

"Kwani nilimkataza? Nilikunywa chai tu."

"Chai yako ina meno."

"Unataka nishindwe, mke wangu?"

"Nataka ukishinda ujue umemshinda nani. Na ukishindwa, uwe na mtu wa kumpa mkono."

Wiryono akacheka. "Nishindwe na nani? Na mwanzi?"

Siku yenyewe ilifika, akaketi na koti lake, mkewe nyuma yake, kiti kitupu kando. Watu walipita mmoja mmoja. Kila mtu aliinama mbele yake, akatabasamu, akamuuliza hali. Tukiran naye aliinama. Wiryono alihesabu tabasamu zile kuwa kura. Jua lilipopinda, mwanzi wenye shuke la mpunga uliinamishwa mezani, chelewa zikadondoka chache tu, zikaenea kiganjani. Ule usio na alama ulipoinamishwa, hakikutoka kitu. Wiryono akashusha pumzi.

Msimamizi akautikisa. Kimya. Akachungulia ndani, akaomba panga. Chelewa zilikuwa zimeshindiliwa hadi zimekabana. Alipoupasua mwanzi, zilimwagika mezani zikaanguka chini, zikawafikia walioketi mstari wa mbele.

Hakuna aliyepiga makofi. Wampigie nani? Msimamizi, kijana mgeni, alisoma kama alivyofundishwa: "Kwa desturi, aliyeshindwa atampongeza mshindi." Alipokwisha kusema ndipo alipokiona kile kiti kitupu, akatamani ardhi immeze.

Wiryono alisimama. Akawatazama watu wake, nyuso zilezile zilizomtabasamia asubuhi.

"Nimekosa nini?" akauliza. "Niambieni tu."

Wakaangalia miguu yao. Walikuwa wamefundishwa kunyamaza, na yeye alikuwa mmoja wa walimu. Mtu angemshinda, angemwendea na kumuuliza: una nini wewe nisichokuwa nacho mimi? Mwanzi atauuliza nini? Alikigeukia kile kiti, akakiinamia kwa heshima zote, mikono kifuani.

"Hongera, bwana," akasema. Kisha akawageukia watu. "Wanakijiji, kawaambieni watoto wenu. Mkosa mshindani hushindwa na mwanzi mtupu."

Halafu mwanamke mmoja nyuma kabisa akapaza sauti: "Na mwanzi wenyewe hata chai haukunywa!"

Uwanja mzima ukalipuka kwa kicheko. Wiryono alijaribu kujizuia, akashindwa, akacheka hadi koti likamfunguka. Uchaguzi uliporudiwa, Tukiran alisimama na wenzake, na Wiryono akapanga foleni ya kupiga kura kama watu wengine.

"Nimezeeka," alisema Bibi Sutirah, "nimeona sherehe nyingi. Sijasikia tena kicheko kama kile."

Jumadi alikuwa ameinamisha kichwa. Aliinuka, akavaa ndala zake.

"Nakwenda kwa wale wenzangu, Bibi. Nitawaambia warudi tugombee."

"Usiwapelekee sukari."

"Siwapelekei." Akasita mlangoni. "Mkosa mshindani hushindwa na mwanzi mtupu," akasema polepole, kisha akatoka, na vijana wengine wakamfuata.

Alibaki Lastri. Alingoja hadi sauti zao zikapotea njiani, ndipo akasogea karibu na jiko.

"Bibi, siku ile nawe ulipewa chelewa, ukaingia nyuma ya mkeka. Niambie mimi peke yangu. Uliitia wapi?"

Bibi Sutirah aliepua chungu, akaanza kumimina sukari katika vifuu, kimoja baada ya kingine, akiwa makini tone lisipotee.